Sawa Yenye Kiwimbi

Watu wema huniambia kwamba kisasi hakijengi. Mimi nilikuwa tarishi wa idara ya hisabati kwa miaka kumi na tisa, nikaona kisasi kimoja kikijengwa ukurasa kwa ukurasa, na mpaka leo nikikikumbuka chai hunishuka vizuri zaidi. Aliyekijenga ni mwanamke tuliyemwita Bi Chapa, mpiga chapa wa idara. Aliyejengewa ni bwana mmoja ambaye nusura awe profesa.

Nimweleze Bi Chapa kama alivyokuwa, maana siku hizi wameanza kumpaka asali wakisema alikuwa mpole. Hakuwa mpole hata kidogo. Shemeji yake aliazima mwavuli wake, akaurudisha umevunjika kijiti kimoja bila kusema neno, naye hakumsemesha kwa miaka saba, hata msibani walipokaa benchi moja. Alikuwa mfupi, na meza yake ilikaa karibu na dirisha, ghorofa ya pili. Juu yake kulikuwa na taipureta nzito ya kijivu, rula, wembe wa kukwangulia makosa, na kalamu ya wino mweusi iliyokuwa na kazi moja tu. Taipureta ile ilikuwa na alama ya sawa, vile vistari viwili. Haikuwa na sawa yenye kiwimbi juu yake. Kiwimbi alikichora kwa mkono, pumzi ameibana, na ole wako ufungue mlango kwa kishindo wakati huo.

Kazi ya kujua kiwimbi kinakaa wapi alifundishwa na mkuu wa idara wa kwanza, ambaye sisi tulimwita Mzee wa Vitanzi. Mzee alisomea topolojia, hisabati ya maumbo yanayovutika kama mpira, na katika hiyo topolojia maisha yake yote aliyamaliza kwenye vitanzi. Mara ya kwanza kulisikia neno hilo likitoka ofisini kwake nilidhani kuna mtu amejinyonga, nikaacha trei ya vikombe kwenye ngazi nikaenda kumwita mlinzi. Walinicheka mpaka jino la mwisho. Ndipo Mzee akaniita ndani, akanisimamisha mbele ya Bi Chapa kama mfano.

"Huyu ndiye kitanzi," akasema. "Anatoka masijala, anazunguka na barua zake, anarudi masijala. Sasa kusanya mizunguko yote anayoweza kuizunguka, mradi ianze masijala na iishie masijala. Kila mzunguko mzima uuhesabu kuwa nukta moja. Mkusanyiko huo ndio uwanja wa vitanzi."

"Na akikaa tu masijala asinyanyuke?" Bi Chapa akauliza.

"Huo nao ni mzunguko."

"Basi ndio anaoupenda."

Mzee alimwambia pia kwamba wako wataalamu wanaoruhusu kitanzi kianzie popote, si lazima masijala, na uwanja wao huo ni mwingine kabisa ingawa jina halitofautiani sana. Kwa hiyo kabla hujapiga chapa, muulize mwandishi anakusudia upi. Kisha akaja kwenye kiwimbi. Tarishi, alisema, hupewa saa moja tu, iwe amepangiwa mizunguko mingapi. Ukimpa miwili, kila mmoja unapata nusu saa. Ukimpa mitatu, inategemea umeifungaje kwenye mabano. Ukifunga miwili ya kwanza pamoja, hiyo itagawana nusu saa, na wa tatu utakula nusu saa peke yake. Ukifunga miwili ya mwisho, wa kwanza ndio utakaojinafasi. Njia ni zile zile na viatu vinalika vile vile, lakini ukimtafuta robo saa ikipita, hutamkuta mahali pamoja. Hiyo si sawa. Ila unaweza kumrekebisha kidogo kidogo, hapa apunguze mwendo, pale aongeze, mpaka mpango mmoja ugeuke kuwa mwingine.

"Ndiyo maana tunaandika sawa na kuitia kiwimbi," Mzee akamalizia. "Asiyekitia anadanganya."

Bi Chapa alilimeza somo lile lote. Mzee alipostaafu alimwachia wasia mmoja, kwamba kuna kijana ameajiriwa, ana akili lakini ana haraka, amtazame.

Kijana huyo mimi nilimbatiza Dakta Dhahiri. Kila alipofika mahali asipoweza kueleza, aliandika "ni dhahiri kwamba", akaruka. Alimwita Bi Chapa mama, akamletea maandishi yaliyojaa sawa kavu, naye Bi Chapa akatia viwimbi bila kusema neno. Miaka kumi na moja alifanya hivyo. Kijana akapata udaktari, akapata safari, akapata kiti cha mkuu wa idara, na jina la mama likageuka kuwa "karani". Mimi nilikuwa "wewe", na siku za mvua alinipigia vidole nimshikie mwavuli.

Mambo yaliharibika kwenye chumba cha chai. Mgeni kutoka chuo kingine alimsifu mbele ya watu.

"Makala yako ya mwisho nimeipenda kwa uangalifu wake," alisema. "Wengi huandika sawa tu, basi. Wewe umeweka viwimbi kila panapostahili. Nimevihesabu, arobaini na kimoja."

Dakta Dhahiri akacheka kama mtu anayejua anachochekea. Kisha akapanda ofisini, akaniagiza faili la makala hiyo, akaweka mwandiko wake kando ya nakala iliyopigwa. Nilikuwa nimesimama pale. Nilimwona akishuka na kidole mstari hadi mstari, masikio yakigeuka rangi. Hakuwa amechora kiwimbi hata kimoja.

Mtu mwenye haya angeshuka na kusema asante. Shukrani ya punda ni mateke. Aliandika barua kwa msajili wa chuo, na kwa kuwa mkono wake ulikuwa umeizoea njia kwa miaka kumi na moja, barua hiyo akaitumbukiza kwenye trei ile ile ya kila siku, iende kwa mpiga chapa. Mimi niliichukua bila kuisoma nikampelekea.

Bi Chapa aliisoma mara moja. Akapanga karatasi mbili na karboni katikati, akapiga. Nilisoma begani kwake, na damu ikanichemka. "Karani tajwa, ambaye elimu yake iliishia darasa la kumi, amekuwa akiingiza alama zake katika maandishi ya kitaalamu. Katika makala yangu ya mwisho ameingiza viwimbi arobaini na kimoja ambavyo sikuviandika na wala havihitajiki. Kuanzia leo apige kama ilivyoandikwa, asiongeze nukta wala asipunguze. Akirudia, ahamishiwe bohari." Bohari ilikuwa chini ya ngazi, haina dirisha, na kazi yake ni kugawa chaki. Miaka ishirini na mitatu ya kazi bila doa, na sasa kosa moja tu lilikuwa linamtenganisha na lile shimo.

Hakutumia wembe hata mara moja. Alitoa karatasi, akaweka herufi za jina lake chini kushoto kama mpiga chapa yeyote.

"Mpelekee asaini," akasema. Mishipa ya shingo ilikuwa imemsimama. "Miaka kumi na moja namfuta kamasi huyu. Sasa nitamtii. Nitamtii mpaka ajute kujua kuandika."

Dakta alisaini, akaziona zile herufi chini, akaduwaa. "Hii ulimpa nani apige?"

"Mpiga chapa, Mkuu. Uliitia kwenye trei."

Akaikunja, akaitia kwenye bahasha ya msajili. Kama angetaka kurudi nyuma, muda bado ungemtosha, lakini kiburi ni ugonjwa.

Miezi minne baadaye akaleta kazi yake kubwa, kurasa tisini na sita juu ya uwanja wa vitanzi, ya kuombea uprofesa. Bi Chapa aliipiga wiki tatu, na kalamu ya wino mweusi haikufunguliwa. Siku ya kuhakiki aliniketisha na mwandiko, nisome kwa sauti, yeye afuatilie kwenye nakala.

"Mabano yafunguke, a, b, mabano yafunge, c," nilisoma, "sawa..." Nikanyamaza. Hata mimi, kitanzi mwenyewe, nilijua.

"Endelea," akasema.

"Bi Chapa, hapa si..."

"Kimeandikwa kiwimbi?"

"Hakikuandikwa."

"Basi endelea."

Tuliendelea hadi ukurasa wa tisini na sita. Kisha akaniagiza nimpelekee mwandishi nakala yote asaini kila ukurasa kwamba ameuhakiki na ndivyo alivyoandika. Alisaini kurasa zote huku akizungumza kwenye simu, hakusoma hata mmoja. Nikiwa nimesimama pale wazo la kumwonya lilinipitia. Akanipigia vidole nimsogezee wino, na wazo likaniacha.

Jopo lilikuwa la watu watatu kutoka nje, na mwenyekiti wao alikuwa profesa mmoja mama mtu mzima, miwani imening'inia kifuani. Mimi nilikuwa mlangoni na jagi la maji. Dakta alizungumza vizuri, koti jipya, sauti ya kujiamini. Mama akamsikiliza mpaka mwisho, akafungua ukurasa wa thelathini na moja.

"Hapa umeunganisha vitanzi vitatu, ukabadilisha mabano, ukaandika sawa. Kwa nini ni sawa?"

"Hiyo ni dhahiri, Profesa."

"Mimi sioni udhahiri wake. Na kurasa zote zinazofuata zimesimama juu ya mstari huu."

Nilimwona Dakta anautazama mstari ule kama anauona mara ya kwanza. Kisha akafanya nilichojua atafanya. "Ni kosa la mpiga chapa," akasema. "Ana historia ya kuchezea maandishi."

Nikatumwa kumwita. Bi Chapa aliingia na bahasha mbili, akaziweka mezani, akarudi nyuma hatua moja. Moja ilikuwa na mwandiko wa Dakta, nyingine nakala yenye saini tisini na sita. Mama alilinganisha ukurasa wa thelathini na moja, kisha wa arobaini, kisha wa hamsini na mbili. Herufi kwa herufi, hakuna kilichozidi.

"Daktari," akasema polepole, "mimi nilisoma makala yako iliyopita. Mle viwimbi viko kila mahali. Uliviacha kwa nini?"

Dakta akafungua vifungo vya lile koti jipya. Mama akamgeukia Bi Chapa. "Vile viwimbi vya kwanza alivitia nani?"

Akisema ni yeye, amekiri lile kosa la kwenye barua, na bohari inamngoja. Asiposema, sifa zinabaki kwa mwizi. Bi Chapa alikunja mikono tumboni.

"Mimi ni mpiga chapa tu, mama. Elimu yangu iliishia darasa la kumi. Mkuu mwenyewe ameyaandika hayo, yako kwenye faili langu."

Faili nililileta mbio hata kabla sijatumwa. Mama alivaa miwani, akaisoma barua ile kwa sauti, mbele ya wenzake, neno kwa neno. Alipofika "ambavyo sikuviandika na wala havihitajiki" akasita, akairudia sentensi hiyo, akamtazama mwenye saini. Mjumbe mmoja akajikohoza. Kusema kweli nilifurahi, roho yangu ikawa kwatu, na nikamimina maji bila mtu kuyaomba.

Walimpa miezi sita asahihishe na kuwasilisha upya. Mama aliacha maandishi kwa msajili kwamba mpiga chapa asiguswe pale alipo. Siku ya pili Dakta alikuja mwenyewe kwenye ile meza ya dirishani, mara yake ya kwanza tangu awe mkuu.

"Mama," akasema. Neno lilikuwa limerudi. "Nisaidie. Niambie tu vinakaa wapi."

"Nikikuambia nitakuwa nimeongeza, Daktari."

"Ile barua nitaifuta."

"Futa. Ya moyoni haina wembe. Wewe andika, mimi nitapiga kama utakavyoandika."

Akaenda kuandika. Miezi minne na nusu baadaye akaleta kurasa zake, na Bi Chapa alipofungua wa kwanza akaangua kicheko ambacho sikuwahi kukisikia kwake. Dakta hakuwa amejua viwimbi vinakaa wapi, kwa hiyo alikuwa amevitia kila penye sawa, kitabu kizima, asibakize hata moja.

"Soma maana ya kitanzi hapa," akaniambia.

Nikasoma. Kitanzi ni njia ambayo mwanzo wake ni sawa na mwisho wake, na juu ya hiyo sawa kulikuwa na kiwimbi kinene.

"Yaani tarishi atoke masijala," nikasema, "arudi jirani na masijala?"

"Arudi hata chooni. Dakta ameruhusu."

Basi akazipiga, kisha akafungua kalamu yake. Vilikuwa mia sita na kumi na vinne, na alivichora vyote kwa siku nne, vyembamba, vimelingana, kiganja kimemvimba. Nilimwambia apumzike, akasema hajawahi kuifurahia kazi kama hii. Siku ya mwisho aliitia nakala kwenye bahasha, akaniandikia anwani ya jopo, akanipa.

Kwenye ngazi nilikutana na Dakta Dhahiri akipanda. Alikuwa amekonda. Aliishika ile bahasha kwa ncha za vidole, nami nikaiachia kidogo ili aone kwamba ni nzito.

"Bi Chapa amesemaje?" akaniuliza kwa sauti ya chini. "Safari hii iko sawa?"

Palikuwa na nafasi ya kusema. Palikuwa na wiki mbili kabla ya muda kuisha, na Bi Chapa kule juu pengine angelegea.

"Amesema imepigwa kama ulivyoandika, Daktari."

Uso wake ukafunguka. Akanishika bega. "Asante sana, ndugu yangu," akasema, na katika miaka yote ile hiyo ilikuwa asante yake ya kwanza kwangu. Nikaipokea bahasha nikashuka haraka, kwa sababu posta ilikuwa inafungwa saa kumi.