Mwajuma na Gari la Umeme

Mwajuma ananyoosha bodi za magari pale Sirari mpakani, kazi aliyofundishwa na baba yake. Bati lililobonyea halikuwahi kumtisha. Lakini siku hizi yanakuja magari yanayotumia petroli na umeme pamoja, na hayo anayaogopa, maana fundi mmoja wa Isebania, upande wa pili wa mpaka, alipigwa na umeme wa gari la namna hiyo, akaungua mkono.

Asubuhi moja Nashoni, wakala wa forodha, alileta gari lake lililogongwa nyuma na lori. Mwajuma, akidhani ni la petroli tu, akaanza kukata bati kwa grenda. Mara akaona ndani yake waya mnene wa rangi ya chungwa, ule wa umeme mkali, umechubuliwa na ile ajali. Kidogo tu grenda ingeugusa. Akaizima na kuiweka chini.

“Kaka Nashoni, hili siliwezi. Lipeleke Mwanza kwa wanaojua kuzima umeme wake.”

“Si wewe ndiye fundi wetu?”

“Ndiyo, na nina watoto wanaonitegemea.”

Nashoni alinung'unika, kisha akaita gari la kuvuta. Mwajuma aliketi juu ya tairi. Mchana akaletewa pikapu kuukuu ya petroli, lakini alilala chini akaichungulia uvunguni kama ina waya wa chungwa, kabla ya kushika nyundo.