Mimea Isiyogusa Ardhi

Dunia niliyoitunga haina udongo. Chini ni mawe matupu na maji ya chumvi, na kila kinachoota kinaota hewani: kunde zinazotambaa juu ya mawingu, maboga yaliyojaa hewa, misitu mizima inayosukumwa na upepo toka upande mmoja wa mbingu hadi mwingine. Watu wa huko huifunga mimea yao kwa kamba isije ikawatoroka. Niliianza katika daftari la kawaida nikiwa mwalimu wa gredi ya tano, katika shule moja nje kidogo ya mji wa Bungoma, na sikukusudia kumwonyesha mtu.

Wa kwanza kuisikia alikuwa mama yangu. Yeye ni mkulima wa mahindi kule Kiminini, na shule aliiacha mapema. Likizo ya Desemba nilimsomea huku akipukuchua mahindi. Nilidhani atacheka.

"Hiyo mimea inakula nini?" akauliza.

"Inakunywa mawingu, Mama. Mizizi yake inaning'inia kama nywele."

"Nimeuliza inakula nini. Maji peke yake hayazai boga."

Akaendelea kupukuchua, kisha akasema, "Hayo mawe ya chini si yanasagika? Upepo uinue vumbi, kama hili letu la Februari kabla mvua haijaanza. Hilo ndilo liwe chakula chake. Na mvua ya mawe je? Umeifikiria?"

Sikuwa nimeifikiria. Msimu uliotangulia mvua ya mawe ilimchania mahindi yote ya upande wa mtoni. Nikaandika sura nzima ambamo watu wanavuta kamba, wanaishusha mimea na kuificha mapangoni kabla mawe hayajaanguka. Sura hiyo ni yake, mkono tu ndio wangu.

Shule zilipofunguliwa nikaanza kuwasomea wanafunzi kila Ijumaa, kipindi cha mwisho. Watoto ambao kuwaandikisha insha ya nusu ukurasa ilikuwa vita wakawa wananiletea kurasa tatu. Msichana mmoja alichora mti unaoelea ukiwa na kuku kwenye matawi, na chini yake akaandika: "Mwewe hawafiki hapa."

Mchoro huo ndio ulioniletea balaa. Baba yake, mtu wa kuheshimika kanisani kwake, alikuja nao mpaka ofisini. Ati nafundisha watoto uchawi. Ati kinachopaa bila mabawa kimeinuliwa na pepo.

Mwalimu mkuu akaniita. Si mtu mbaya. Ni mtu anayeogopa kelele.

"Madam, andika tu barua ya kuomba msamaha, mambo yaishe."

"Niombe msamaha kwa kosa gani?"

"Kosa si hoja. Tunataka amani."

"Basi itafuteni bila barua yangu."

Nilitoka nikarudi darasani. Maisha yangu yote nilikuwa mtu wa kukubali. Nimekubali zamu za wengine, nimekubali kupika chai ya wageni ilhali wanaume niliofundisha nao walikaa wakiongea. Siku hiyo nilikataa, na pamoja na woga wote, nilihisi kama nimevua viatu vinavyobana.

Mkutano wa wazazi ukaitishwa. Nilimpigia mama simu nikitaka anipoze moyo tu, lakini aliniuliza saa ya mkutano na kukata simu. Jumanne alifika amevaa nguo zake za kanisani. Mwenyekiti akamzuia mlangoni.

"Mama, una mtoto katika shule hii?"

"Ninaye. Ni huyo mnayemjadili."

Watu wakacheka, naye akapata kiti. Yule baba alisema yake kwa utulivu, akamaliza kwa kusema kwamba Mungu aliweka mimea ardhini na si kwingine. Mama akasimama.

"Baba, mimi nasali kila asubuhi na nalima kila siku. Nikiwa msichana tulitafuta kuni Mlima Elgon. Huko juu kuna ndevu za kijani zinaning'inia kwenye miti. Hazijagusa udongo tangu ziumbwe. Zinaishi kwa ukungu. Sasa niambie, hizo nazo nani alizitia pepo?"

Mtu mmoja nyuma akasema, "Si ni ukweli bana," na kelele zikaanza, mkutano ukavunjika bila uamuzi.

Ningependa kusema tulishinda. Wiki mbili baadaye niliondolewa gredi ya tano, nikapewa gredi ya kwanza na onyo la kutosoma darasani kitabu ambacho hakijaidhinishwa. Nililia chooni, nikanawa uso, nikaenda kufundisha a, e, i, o, u.

Jumamosi iliyofuata nilitandika mikeka kwenye veranda ya nyumba ninayopanga, nikawaambia majirani kwamba kuanzia saa nne nitasoma, na anayetaka aje. Walikuja watoto saba. Siku hizi wanajaa mpaka kwenye ngazi, na baadhi ya mama zao hukaa ukutani wakijifanya wanachambua mboga. Yule msichana wa kuku hajawahi kuja, na hilo linaniuma kuliko barua yoyote ya onyo ambayo ningeandikiwa.

Mwalimu mkuu ameniambia mara mbili kwamba watu wanaongea. Mara zote mbili nimemjibu kwamba Jumamosi ni yangu. Juzi alipita barabarani nikiwa katikati ya kusoma, akasimama kwenye lango. Watoto walimwona, wakanitazama mimi. Nikageuza ukurasa na kupandisha sauti, ili naye pale alipo asikie vizuri.