Mawili Yangu, Mawili ya Mke Mwenzangu

Mimi nimeishia darasa la saba, na mambo ya magari nimeyajulia ukubwani, kwa hiyo ninayoyaandika hapa kuhusu matairi mwenye kujua zaidi anaweza kunisahihisha. Ila kinyaa nilichokisikia ni changu mwenyewe, hicho hakuna wa kunisahihisha. Ingawa hata hapo sina hakika. Nimejiuliza mara nyingi kama kilikuwa kinyaa cha matairi au cha kitu kingine.

Gari lenyewe ni dogo, lile la mlango wa nyuma unaofunguka kwenda juu, ambalo vijana wa hapa Nachingwea wanaliita bebi woka. Mume wangu alilinunua baada ya mauzo ya korosho, likiwa limeshatumika na watu wengine. Ana wake wawili, mimi wa hapa na mwenzangu wa Ruangwa, basi gari likaingia kwenye zamu kama yeye mwenyewe. Akija kwangu linakuja, akienda kwa mwenzangu linakwenda. Hapo sikuwa na neno.

Nimtendee haki kabla sijamsema. Ni mtu anayemwogopa Mungu. Alishasikia msikitini kwamba mume asiyewafanyia wakeze uadilifu atafufuliwa upande wake mmoja umeinama, na maneno hayo yalimwingia mpaka kwenye mifupa. Akinunua nyama anaikata sawasawa. Kuna mwaka alileta kanga doti moja, akaipasua katikati, kila mmoja kipande kimoja. Jina zuri lilikuwa limeandikwa kwenye vipande vyote viwili, lakini mwanamke na kipande kimoja cha kanga atafanya nini? Kuteka maji? Nilimwambia, "Mzee, afadhali ungempa mwenzangu zote." Akaniambia, "Hapana, mama. Haki ni haki."

Sasa matairi. Yale yaliyokuja na gari yalikuwa yameisha, vipara vitupu, na masika yalikuwa yanakaribia. Na kulikuwa na jambo. Binti yangu ameolewa Kilimarondo. Mimba yake ya kwanza iliishia kwa kisu, na mtoto hakuishi. Alipobeba ya pili, muuguzi alimwambia bila kumumunya kwamba asisubiri uchungu akiwa kule. Aje mapema mjini, akae kwenye nyumba ya wajawazito wanaosubiri, karibu na madaktari. Sote tunaijua ile barabara mvua ikishakolea. Kwa hiyo kilichotakiwa kilikuwa kimoja tu: gari liende Kilimarondo, lirudi na mwanangu, kabla maji hayajafunga njia.

Mume wangu akatuuliza kila mmoja anataka tairi gani. Mimi nilikwenda kuangalia kwenye nguzo ya mlango wa dereva, kuna kibandiko. Maandishi ni ya Kijapani, lakini namba ni namba. Ya kwanza ni upana wa tairi, ya pili ni kimo cha shavu lake, ya mwisho ni rimu. Kibandiko kilisema rimu kumi na nne, na shavu nene. Shavu nene ndilo linalokula mashimo badala ya rimu kuyala. Ninalima ufuta Mtua, nayajua mashimo. Nikasema, "Nataka yaliyoandikwa hapa, basi."

Mwenzangu alituma picha kwenye simu. Rimu kumi na sita, zinang'aa kama sufuria za dukani, na tairi lake shavu jembamba. Nisimwonee. Yeye anapamba maharusi Ruangwa, na lile gari siku za zamu yake linabeba mabibi harusi. Bibi harusi wa siku hizi hapandi gari lenye vifuniko vya plastiki vilivyofungwa kwa waya. Anazunguka mjini, kwenye lami. Kwa kazi yake alikuwa sahihi kabisa, na ningekuwa mimi ningetaka hizo hizo.

Nikangoja mume wangu aamue. Nilikwenda naye mpaka kwa fundi.

Pale kwa fundi ndipo kinyaa kilipoanza. Matairi ya mtumba yamerundikwa nje, ndani yake maji ya mvua, ndani ya maji viluwiluwi vya mbu vinacheza. Yale mazuri yaliyopangwa mbele yalikuwa yamepakwa oili chafu yawe meusi, na ukikwangua kwa kucha unaona nyufa chini. Fundi, kijana wa miwani ya jua, alijaza upepo tairi moja, akatia mate kidoleni akapaka kwenye valvu kuona kama inavuja, halafu kwa kidole hicho hicho akachukua kitumbua.

Mume wangu akamwambia, "Mbele funga mbili za bi mkubwa. Nyuma mbili za bi mdogo."

Fundi akaacha kutafuna. "Mzee, umesemaje?"

"Kumi na nne mbele, kumi na sita nyuma. Kila mtu na haki yake."

"Na spea ya nani?"

"Spea yangu," akasema mume wangu, wala hakucheka.

Fundi alicheka mpaka akaegemea ndoo. Nilitegemea atakataa, maana yeye ndiye fundi. Hakukataa. Zile za nyuma zilipofungwa zilitokeza nje ya bodi kama macho ya chura. Nikamuuliza, "Kijana, gari likibeba watu hizi si zitagusa?"

"Mama mkubwa, huo ndio muonekano. Zikigusa tunazipigia nafasi." Akachukua nyundo akakunja mdomo wa bodi kwa ndani, rangi ikabanduka kwa vipande. Nilitaka kusema kwamba huu ni ujinga wa mchana kweupe. Nikanyamaza, maana neno lolote ambalo ningelisema dhidi ya zile rimu lingeonekana ni wivu. Na labda lingekuwa wivu kweli, sijui. Nilichokiona kwa macho ni gari limeinamisha pua na kuinua makalio.

Siku ya kwenda Kilimarondo mwenzangu alikuja kutoka Ruangwa. Mume wangu alisema akienda mmoja tunakwenda wote. Ni kweli mwenzangu ni mama mdogo wa binti yangu, na alikuja na kitenge cha kumbebea mjukuu, kizuri kuliko nilichonunua mimi. Kwenda tulikwenda salama, polepole. Nyuma tulikaa wawili, na kila tukipita bonde tairi la nyuma lilisugua bodi, linalia kama mbuzi anayechinjwa na mtu asiyejua.

Mkwe wetu wa kule, baba wa mume wa binti yangu, ni mtani wetu. Alitoka nje akalizunguka gari mara mbili, mikono nyuma.

"Karibuni. Naona gari lenu liko kwenye sijida."

"Usianze," mume wangu akasema.

"Sianzi. Nauliza tu, kibla mmekipata? Maana limesujudu kuelekea banda la mbuzi."

Watu wakacheka. Mwenzangu akacheka. Mimi pia nilicheka, halafu nikaona aibu, nikaingia ndani kumsaidia mwanangu kufunga mizigo. Miguu yake ilikuwa imevimba. Aliniuliza kwa sauti ndogo, "Mama, tutafika?" Nikamwambia tutafika. Sikupenda namna nilivyosema haraka.

Tuliondoka mawingu yakiwa meusi. Mwanangu alikaa mbele, kushoto kwa baba yake. Nyuma mimi na mwenzangu, katikati yetu kiroba cha unga, ndoo, godoro lililokunjwa, na kuku wawili wa zawadi waliofungwa miguu. Hatukuwa tumekwenda mbali, tukaingia kwenye dimbwi ambalo juu lilionekana kama sahani tu. Nyuma kushoto pakalia paa! Tulipotoka, lile shavu jembamba lilikuwa limepasuka, na ile rimu ya kung'aa imejikunja kama kifuniko cha soda.

Mwenzangu aliinama akaigusa kwa kidole. Nilimwonea huruma, na sekunde hiyo hiyo nikasikia raha kifuani, na ile raha ikanichefua kuliko tope.

Mume wangu akatoa spea yake. Kumi na nne. Akaifunga. Sasa nyuma kushoto kumi na nne, nyuma kulia kumi na sita, gari likalala upande.

"Mzee," mwenzangu akasema, "umeshainama upande mmoja na Kiyama bado."

Hata mwanangu alicheka, ameshika tumbo. Mume wangu akawasha gari. Tulipoanza kwenda, tairi la kulia likaanza kusugua vibaya kuliko mwanzo, moshi wa mpira ukaingia ndani. Likisugua hivyo lingepasuka na lenyewe, na spea nyingine hatuna. Akasimama, akafikiri, akasema hakuna uzito unaotakiwa kukaa upande wa kulia nyuma. Wote tukae kushoto.

"Kushoto wapi? Na mizigo yote hii?" nikamuuliza.

"Mmoja ampakate mwenzake."

"Nani ampakate nani?" mwenzangu akauliza.

"Mtapeana zamu," akasema. Wallahi alisema hivyo. Mtu ambaye ametufikisha pale kwa ajili ya zamu.

Mimi ndiye mzito, kwa hiyo nilianza kumpakata yeye. Sijawahi kuwa karibu na yule mwanamke kiasi kile, wala sikuomba. Udi wake na jasho lake na moshi wa mpira vilichanganyika puani. Shanga za ushungi wake zilinikwaruza shavu kila shimo. Kuku mmoja akaninyea mguuni, vuguvugu, na mikono yangu yote miwili imemshika yeye kiuno asianguke, sina hata wa kujipangusa. Mbele, upande wa kulia, naiona shingo ya mume wangu, imetulia, shingo ya mtu aliyetimiza wajibu wake. Niliichukia ile shingo.

"Dada, nishuke nitembee?" mwenzangu akaniuliza.

"Utembee na tembo wa pori hili?"

"Tembo atanihurumia kuliko huyu."

Tukacheka wote wawili, na kicheko chake nilikisikia kwenye mapaja yangu kabla sijakisikia masikioni. Halafu mwanangu akasema, "Baba, simama."

Gari likasimama. Mwenzangu aliukamata mkono wangu akauminya, na mimi nikauminya wake. Nilikuwa naangalia porini pande zote mbili, najiuliza kama ni pale, kwenye tope, bila maji wala wembe.

"Nataka kukojoa tu," akasema mwanangu.

Tulimsindikiza wote wawili kichakani, mmoja huku mmoja huku, tumemshika kama bibi harusi. Aliporudi garini alikuwa analia, anasema anaogopa, anasema kila shimo anadhani mshono unafunguka. Mwenzangu akavua ushungi wake wa shanga akaukunja, akamwekea chini ya kiuno. Njia iliyobaki alikwenda na nywele wazi. Tulipofika kijiji cha Kiegei tukabadilishana, yeye akanipakata mimi. Hakulalamika, na mimi najua uzito wangu.

Tuliingia mjini mvua imeshaanza. Kwenye ile nyumba ya wajawazito muuguzi alitoka na mwavuli. Mwanangu akafungua mlango, akashuka mwenyewe, akachukua ndoo yake. Mimi nilishuka miguu imekufa ganzi, nikayumba, mwenzangu akanidaka naye akayumba, tukashikana ukutani. Muuguzi akatutazama wote watatu.

"Mjamzito ni yupi?"

Mume wangu akajisogeza. "Ukishajifungua salama, mwanangu, nitakuja na gari kuwachukua."

"Na hili?" Mwanangu alilitazama lilivyolala, tope mpaka madirishani. "Baba, mimi na mtoto tutapanda basi. Ukija na hili nitakuona dirishani na sitatoka."

"Lakini kila mmoja nilimpa..."

"Mimi ulinipa tairi lipi?"

Akaingia ndani na muuguzi. Baba yake akabaki kwenye mvua, funguo mkononi.

Asubuhi nilipotoka nje hakuwepo, wala gari. Alirudi adhuhuri. Kumi na nne zote nne, shavu nene, kama kibandiko kilivyosema. Rimu moja ya kung'aa iliyokuwa nzima alikuwa ameiacha kwa fundi. Hakuwa ameniuliza mimi, wala hakuwa amempigia simu mwenzangu, ambaye alikuwa amelala kwangu na alikuwa jikoni anachambua mchele.

Mtoto alizaliwa baada ya hapo, wa kike, kwa kisu tena, lakini alilia mwenyewe. Babu yake aliwaleta nyumbani kwa lile gari na mwanangu alipanda.

Mwenzangu alinuna kwa ajili ya rimu zake, na alikuwa na sababu. Mabibi harusi wawili walimkatalia gari. Mimi nami nilinuna. Nilikuwa nimepata nilichotaka, tena magurudumu yote manne, na bado nilinuna siku nzima, nikampakulia mume wangu chakula bila kumkaribisha. Hakuonekana kushangaa. Mpaka leo nikikaa nafikiri, sijui nilichukizwa na nini: kwamba hakuniuliza, au kwamba alijua siku zote kuwa anaweza kuamua.