Ndovu Aliyepita Penye Mwanya

"Nani amekuambia?"

Mdogo wangu aliniuliza hivyo akiwa na miaka tisa, mbele ya laptopu yangu. Yalikuwa maneno yake ya kwanza baada ya miezi minne. Nilimjibu, ila sasa najua kwamba nilijibu swali lingine.

Alinyamaza siku ndovu alipoingia shambani kwa nyanya, kule Mraru. Ilikuwa saa kumi jioni, jua bado kali. Ndovu alivunja tangi la maji, akang'oa mipapai, na nyanya alipotoka jikoni kuangalia kelele ni za nini, akamsukuma kando na kumvunja nyonga. Mdogo wangu alikuwa huko kwa likizo na aliyaona yote. Tuliwaleta wote wawili kwetu Voi, nyanya akalazwa chumba cha nyuma, mtoto akawa kimya. Hakuwa bubu. Usingizini tulimsikia akinung'unika. Akiamka, hakuna neno.

Watu wazima walikuwa na swali lao. Shamba lilizungushiwa ua wa mizinga ya nyuki, imening'inizwa kwenye waya mmoja. Ndovu akigusa waya popote, mizinga yote inatikisika, nyuki wanatoka, naye anakimbia. Ua huo ulikuwa umewazuia miaka mitatu. Sasa huyu alipitaje? Mimi, niliyekuwa nimetoka chuo kikuu na shahada ya takwimu, nilikuwa na jibu. Nililisema mezani kwa sauti: nusu ya mizinga ile ilikuwa mitupu, tuliuziwa hadithi, na hakuna aliyewahi kuhesabu.

"Wewe ulihesabu?" mama akauliza.

Sikuwa nimehesabu. Mdogo wangu aliendelea kula, macho kwenye sahani.

Shuleni walisema kama muhula utafunguliwa na bado hasemi, atahamishiwa shule ya bweni ya watoto wenye mahitaji maalum, upande wa Taveta. Zilibaki wiki tatu. Mshauri wa hospitali alituambia kwamba watoto wengine huweza kucheza jambo wasiloweza kulisema. Nikamuuliza ana ushahidi gani. Akavua miwani.

"Dada, wewe una nini kingine?"

Sikuwa na kitu. Nilikuwa na gemu tu, ya zamani kuliko mimi: mwanamume mfupi anakimbia kuelekea kulia, anaruka mashimo na kukanyaga wadudu. Kabla ya Mraru, mdogo wangu alikuwa akiketi mgongoni pangu na kupiga kelele, "Ruka! Aki wewe, ruka!" Nikaamua nitoe wadudu, niweke ndovu, kisha niweke ua wa mizinga unaowarudisha. Angeona ndovu akigeuka, mara mia akitaka. Huo ndio ulikuwa mpango wangu wote, na sikuwa nimewahi kubadilisha chochote ndani ya gemu yoyote.

Wiki ya kwanza iliisha bure. Maelekezo ya mtandaoni yaliandikwa na watu waliodhani msomaji anajua tayari. Nilibadilisha namba moja, skrini ikawa nyeusi. Nikairudisha namba, skrini ikabaki nyeusi, na sikuwa nimeweka nakala. Nikapakua gemu upya, nikaiharibu upya. Nililia bafuni nikiwa nimeziba mdomo kwa taulo, maana maji yalikuwa yamekatika na hapakuwa hata na mfereji wa kufungua ili unifichie sauti.

Mdudu mmoja alikuwa na vidoti kumi na sita kwa kumi na sita na rangi tatu tu. Kijivu hakikuwepo. Ilikuwepo kahawia ya udongo, nikashukuru, kwa sababu ndovu wa kwetu hujimwagia vumbi jekundu na wa kijivu angekuwa mgeni. Mama akachungulia begani pangu.

"Hiyo ni pua au soksi?"

"Ni mkonga, mama."

"Haya. Na huyo nguruwe aliyeuvaa ni wa nani?"

Nyanya akaitikia kutoka kitandani kwake, "Mpe masikio! Ndovu ni masikio!"

Nikampa masikio, akawa ndovu.

Kisha ua. Niliichora mizinga vizuri, na ndovu akapita ndani yake kana kwamba ni moshi. Kumbe picha ni picha tu. Ugumu wa kitu huandikwa mahali pengine, kwenye safu ya namba ambayo niliitafuta siku tano, nikilala na kuamka na hofu ileile. Nilipoipata, ndovu alifika kwenye mzinga, akagonga, akageuka. Niliruka kutoka kwenye kiti. Lakini yule mwanamume naye hakuweza kupita. Ua ulikuwa mrefu, haukurukika, na shule ilikuwa inafunguliwa Jumanne. Nikachukua njia ya mkato: nikaondoa mzinga mmoja wa chini ili apate pa kupenya.

Jumapili baada ya kanisa nikamketisha. Alicheza bila kuniangalia. Ndovu wa kwanza akafika kwenye ua, akageuka. Niliona mabega ya mdogo wangu yakishuka kidogo, na nikathubutu kutumaini. Ndovu wa pili akaja chini, usawa wa ule mwanya, akapita.

Mtoto akaondoa vidole kwenye vibonye. Akatazama mlango wa chumba cha nyanya, kisha akanitazama mimi.

"Nani amekuambia?"

Kifuniko cha sufuria kilimponyoka mama jikoni. Mimi nilijaa furaha hadi nikawa mjinga. Nilidhani anauliza nani amenifundisha kazi ile.

"Hakuna aliyeniambia," nikasema kwa majivuno. "Nimegundua mwenyewe."

Uso wake ukakunjamana. Alilia mpaka akatapika, na hakusema neno lingine. Jumanne mama alimfungashia sanduku wakaenda Taveta. Niliifuta gemu. Nilibaki na swali lake miaka, nikiligeuza kama hesabu iliyokosewa mahali fulani: nani aliniambia nini?

Alianza kusema tena huko bweni, kidogo kidogo, kwa watu wasiotujua. Sasa yuko gredi ya tisa. Nyanya alishafariki. Mwaka jana tulikuwa tukichambua maharagwe uani, naye akaniambia bila kuulizwa. Siku ile alifungua waya kati ya mizinga miwili ili apenye na jerikeni ya maji, asizunguke hadi langoni, na hakuufunga. Nyanya alimwona. Akiwa amelala chini na nyonga imevunjika, kabla majirani hawajafika, alimshika mkono akamwambia, "Usiseme."