Kabichi za mama mkwe zilisingiziwa sumu, kumbe ni mayonezi ya wifi

Wakuu, salaam. Wakubwa zangu humu shikamooni, wa rika langu mambo vipi.

Mimi huwa nasoma nyuzi za watu na kuondoka kimya kimya. Leo naandika kwa sababu hili jambo limenikaa kifuani na nisipolitoa litanitoa mimi.

Sitaongeza chumvi. Chumvi pekee mtakayoikuta hapa ni ile iliyoingia kwenye kabichi.

Nijitambulishe kidogo. Mimi ni mwanamke wa Kimachame, nimeolewa na Mmeru. Tunaishi Moshono, nina cherehani zangu mbili, nashona.

Mama mkwe wangu yuko Kikwe. Ni mjane. Analima kabichi kwenye shamba linalopata maji ya mfereji, na kabichi zake zinajulikana. Akina mama wa sokoni Tengeru wanamfuata wenyewe shambani, yeye hahangaiki kutafuta mteja. Hiyo ndiyo heshima yake. Ukimsifia nyumba atanyamaza, ukimsifia kabichi atacheka mpaka jino la mwisho lionekane.

Halafu kuna wifi yangu, dada mkubwa wa mume wangu. Anakaa Themi, ana kazi nzuri ofisini, ana marafiki wa ofisini. Huyo ndiye aliyesababisha uzi huu.

Mwaka huu binti yake alipata kipaimara. Shughuli ikapangwa nyumbani kwa mama, Kikwe, chini ya turubai. Mimi nikapewa kachumbari ya kabichi, maana kwenye familia wanajua hiyo ni fani yangu.

Wifi akanipigia siku tatu kabla.

"Mama Karen, hiyo kabichi utaweka mayonezi, sawa?"

Nikamwambia wifi, mimi yangu haina mayonezi, na watu huwa wanairudia.

"Hiyo ni kachumbari ya kilabuni. Nina wageni wa ofisini. Wao wanajua coleslaw."

Nikamwambia aniamini tu. Akaguna, akakata simu. Nikadhani yameisha.

Ngoja niwaeleze ninavyoitengeneza, kwa sababu bila hapo hamtaelewa hasira yangu.

Kabichi ya kuliwa mbichi ivunwe asubuhi na mapema. Chagua iliyojifunga vizuri, nzito mkononi. Bandua majani ya juu, pasua vipande vinne, toa kile kigogo cha katikati. Halafu kisu. Kisu kikali, ukate nyembamba kama uzi. Wale mnaokwaruza kabichi kama karoti, ile inatoa maji yote na mnakula uji wa kabichi.

Ukishakata, iloweke kwenye maji baridi yaliyochemshwa na kupoa, yenye chumvi kidogo. Nusu saa inatosha. Ichuje, itandaze juu ya kitambaa safi ikauke kabisa. Hapa ndipo wengi wanakosea. Kabichi yenye maji hailii mdomoni.

Kitunguu kioshe na chumvi kitoke ukali. Karoti, hoho, kotimiri. Pembeni, kwenye jagi, kamulia malimao, mafuta ya alizeti, sukari kidogo, chumvi, pilipili manga, na tangawizi kiasi cha kusikika kwa mbali.

Halafu usichanganye! Kabichi ikae kivyake, jagi likae kivyake. Watu wakishaanza kupanga foleni na sahani zao, ndipo unamimina, unageuza mara mbili tatu, unanyunyiza karanga zilizokaangwa na kutwangwa. Mtu akitafuna, jirani yake anasikia.

Basi. Usiku wa kuamkia shughuli nililala Kikwe. Alfajiri mama mkwe akanivunia kabichi mwenyewe, akawa ananipa moja moja huku anazipigapiga kama mtu anayechagua tikiti. Saa mbili asubuhi nikawa nimemaliza. Mabeseni mawili makubwa ya wageni, moja dogo la wapishi. Nikafunika kwa kitambaa, nikaweka stoo kwenye baridi na jagi langu pembeni. Nikaenda kuoga, tukaenda kanisani.

Ibada mnaijua wenyewe. Watoto wengi, kwaya tatu, picha zisizoisha. Tumerudi saa nane kasoro.

Nakwenda stoo, nakuta beseni dogo na jagi langu tu. Mabeseni makubwa hayapo.

Yako wapi? Yako nje, juu ya meza ya chakula, upande ambao turubai halifiki. Jua la saa nane linapiga pale moja kwa moja. Nafunua kitambaa, ni meupe. Mayonezi tupu. Kabichi imelegea, inaogelea.

Nikamfuata wifi.

"Wifi, hii ilichanganywa saa ngapi?"

"Asubuhi, ulipokwenda kuoga. Ili ikolee."

"Imekaa juani tangu asubuhi?"

"Imefunikwa."

Nikamwambia tuitupe. Wakuu, nilimwambia kwa mdomo wangu, wala sikumung'unya maneno: hii itupwe, nina kabichi nyingine shambani, nikate upya ndani ya saa moja.

Akanitazama kuanzia viatuni mpaka kilembani. "Unataka kuniharibia siku ya mwanangu kwa sababu ya wivu wa kabichi?"

Mume wangu akanishika mkono. "Mama Karen, leo si siku ya kugombana. Achana naye."

Nikaachana naye. Hapo nakiri kosa langu. Ningeyamwaga yale mabeseni chini nikaitwa mchawi, ingekuwa afadhali.

Watu walikula saa tisa. Sisi wa jikoni tukala lile beseni dogo na jagi langu, tumesimama, tunacheka.

Jioni simu zikaanza. Huyu anatapika. Yule anaharisha. Mama mdogo, yaani mdogo wake mama mkwe, alitundikiwa dripu zahanati, mtu mzima wa miaka sabini na zaidi. Wageni wa ofisini nao hawakusalimika. Tuliokuwa jikoni, hakuna hata mmoja aliyeumwa tumbo.

Nikasema moyoni, sasa wifi atapiga magoti.

Asubuhi yake nafungua grupu la familia, nakuta wifi ameandika:

"Poleni sana wapendwa. Uchunguzi umeonyesha kabichi za Mama zilikuwa zimepuliziwa dawa siku si nyingi. Tuwe makini na mboga za wakulima wetu."

Uchunguzi!

Uchunguzi gani? Umefanyika wapi? Na nani? Mayonezi amemimina yeye, juani ameweka yeye, halafu uchunguzi umemkuta mama yake mzazi?

Nilianza kuandika jibu. Mume wangu akaninyang'anya simu. Akasema ni dada yake, ataongea naye kwa utaratibu. Utaratibu huo mpaka leo sijauona.

Ule ujumbe haukukaa kwenye familia. Ulikwenda grupu la kwaya, ukatoka ukaenda majirani, ukafika sokoni. Mnajua maneno yanavyotembea, hayahitaji nauli.

Jumatano ya wiki iliyofuata nikaenda Kikwe. Nikamkuta mama mkwe kakaa kwenye tuta. Kabichi zimekomaa kupita kiasi, nyingine zimeanza kupasuka vichwa. Wiki nzima hakuna mteja aliyekuja. Mmoja tu alipiga simu, akasema, "Bibi, tusubiri kidogo hayo maneno yapoe."

Nikamwambia, "Mama, si dawa. Ni mayonezi. Wifi ndiye aliyechanganya asubuhi."

Akajibu bila kuniangalia. "Najua. Nilimwona akimimina."

Jamani.

"Ulimwona? Na umenyamaza?"

"Ningemwaibisha mbele ya wageni wake? Ni mwanangu. Kabichi zitaota nyingine."

Nilikaa pale kwenye tuta nikalia kwa hasira. Yeye akawa ananifariji mimi, eti nisipandishe presha.

Jumapili iliyofuata wifi na binti yake walikuja kutoa shukrani kanisani. Tukaenda wote. Baada ya ibada kukawa na mnada wa mavuno pale nje, kama kawaida. Mama mkwe alikuwa ameleta kabichi sita kama sadaka.

Zikauzwa ndizi. Zikauzwa mayai, jogoo, mahindi. Watu wanapandishana bei, wanacheka.

Mzee wa kanisa akainua kabichi. "Haya, kabichi za mama yetu. Nani anaanza?"

Kimya.

"Jamani, nani anaanza?"

Kimya. Mtu mmoja nyuma akakohoa, wenzake wakacheka chini chini. Mama mkwe kainamisha kichwa anakunja kona ya kanga yake, anaikunjua, anaikunja. Na wifi yangu yuko pale, hatua kumi kutoka kwa mama yake, anaangalia simu.

Wakuu, sijui nilinyanyukaje.

Nilikwenda jiko la kanisa walikokuwa wanapika chai. Nikaomba kisu, sinia, chumvi na malimao mawili. Nikarudi, nikamwambia mzee wa kanisa, "Shikamoo baba, naomba kabichi moja."

Nikaipasua pale pale juu ya meza ya mnada. Nikakata nyembamba, haraka, mkono unajua wenyewe. Chumvi, limao, basi. Nikatia mdomoni. Ikalia krap krap, kimya kilivyokuwa nadhani mpaka wa nyuma walisikia.

Nikasema, "Hii ni ya shamba lile lile. Sisi tuliopika shughuli tulikula hizi hizi, hakuna aliyeugua. Kilichowaumiza ni mayonezi, yaliyochanganywa asubuhi yakakaa juani mpaka saa tisa. Na aliyechanganya anajijua."

Sikutaja jina. Haikuhitajika, maana macho yote yalikwenda sehemu moja.

Jirani mmoja aliyepika pilau siku ile akasimama. "Kweli kabisa, mimi nilikula beseni la jikoni. Nipe mbili hizo." Akachota kwenye sinia akatafuna. Akafuata mwingine. Mume wangu naye akaja, kachelewa lakini kaja, akala mbele ya watu. Zile tano zilizobaki zikagombaniwa, na sinia likarudi jikoni tupu.

Wifi aliondoka kabla mnada haujaisha.

Mngedhani mama mkwe alinikumbatia? Hapana. Tulipofika nyumbani aliniambia, "Umemvua nguo mwanangu kanisani." Akaingia ndani. Siku kumi na mbili hakupokea simu yangu.

Lakini sokoni walirudi. Mmoja, kisha wawili, kisha foleni ya kawaida. Nusu ya shamba ilikuwa imeshaoza, tukalishia ng'ombe.

Baadaye nikasikia wifi alikwenda Kikwe kumwomba mama yake msamaha. Usiri mtupu, wawili tu, jikoni. Mama akamsamehe kabla hajamaliza sentensi, akamchinjia kuku. Kisha mama akanipigia mimi, sauti ya kawaida kabisa, kama hakuna lililotokea, ananiuliza watoto hawajambo.

Nilishukuru. Nampenda yule mama kuliko ninavyoweza kuandika hapa.

Ila lile tamko la "uchunguzi" liko kwenye grupu mpaka leo ninapoandika. Hajalifuta. Hajaandika hata neno moja la kumsafisha mama yake. Nilipomuuliza akanijibu, "Mimi na mama tumeshamalizana, wewe ya nini?"

Mume wangu naye anasema nikaushe, yameisha.

Nilichojifunza? Kwanza, kama ni lazima uweke mayonezi kwenye kabichi, weka dakika ile ya kula na usiache juani. Shughuli za nje, limao na mafuta vinatosha, na utamu hautapungua. Pili, ukiona chakula kimeharibika usimwonee mtu haya. Mwaga. Watakununia wiki moja, lakini hakuna atakayetundikiwa dripu.

La tatu ndilo lililonileta hapa, kwa sababu peke yangu nimeshindwa.

Amemchafua mama yake mbele ya watu wote, akamsafisha jikoni na mlango umefungwa. Hiyo nayo mnaihesabu ni kuomba msamaha?

Niambieni wakuu, hasa nyie mlioolewa kwenye familia za watu. Hata mkinisema, semeni. Nasoma zote.