Shanga Chini ya Nyayo

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa nilimtafsiria bibi yangu uongo, na kwa uongo ule akapigishwa magoti kwenye sakafu ya makumbusho moja ya hapa Brussels, akaipangusa mbele ya darasa langu zima. Sasa mimi ni mtu mzima, nina watoto wangu, na bado nikikumbuka damu hunichemka.

Tulikuwa tukiishi mtaa wa Saint-Gilles, ghorofa ya tatu, mimi, mama, na bibi tuliyemwita Koko. Mama alisafisha ofisi kule Schuman, upande wa pili wa mji, na kila siku alitoka kabla hatujaamka. Koko alikuwa amefika mwaka mmoja nyuma kutoka Kivu, mashariki mwa Kongo, kule juu kabisa milimani ambako msitu unakwisha na kubaki majani, upepo na ng'ombe. Vita vilimtoa huko. Kifaransa hakukijua, ila maneno machache ya sokoni.

Muhula ule mwalimu alitufundisha nyika za Amerika ya Kaskazini. Majani yanayomfunika farasi, alituambia, na nyati wakubwa waitwao baisoni, wengi hata ardhi hutetemeka wakipita, na watu waliohama pamoja nao msimu baada ya msimu. Nilichora picha, nikaja nayo nyumbani. Koko aliishika muda mrefu.

"Hapa ni kama kwetu," akasema. "Na wenye ile majani, wako wapi?"

"Madame wa shule anasema walitoweka."

"Muntu hatowekaka bure. Ulimuuliza nani aliwafukuza?"

Sikuwa nimeuliza. Daftari langu lilisema baisoni "walipungua" na watu "walitoweka", kana kwamba ni umande. Halikusema neno juu ya bunduki zilizowaua wanyama wale mpaka mifupa yao ikarundikwa kama vilima, wala juu ya seng'enge, wala mikataba iliyotiwa saini na kuvunjwa, wala watoto waliopokonywa na kupelekwa shule za mbali wakasahau lugha ya mama zao. Hayo niliyasoma mwenyewe, ukubwani.

Ilipofika siku ya kwenda makumbusho, mwalimu aliomba wazazi wa kutusindikiza. Mama hakuweza, akaja Koko, na kitenge chake kizuri na chupa ya maji mkononi. Mlangoni kila mtoto alivishwa taji la manyoya ya karatasi. Tukaingia ukumbini tukipigapiga midomo kwa viganja na kupiga mayowe, jinsi tulivyofundishwa kwamba ndivyo walivyofanya watu wa nyika. Mwalimu alicheka. Palikuwa na baisoni aliyejazwa majani makavu, hema la ngozi, pinde, na kabati la kioo lenye viatu vidogo sana vya ngozi laini. Viliwekwa juu ya kioo kingine, ili mtu aone chini.

Koko aliinama akatazama. Kisha akanivuta mkono.

"Angalia chini yake. Ni shanga. Nani anakanyagaka juu ya shanga?"

Kweli, nyayo zote mbili zilikuwa zimeshonwa shanga, nyekundu, nyeupe na buluu, na hata moja haikuwa imesuguliwa.

"Hivi viatu havikutembea hata siku moya," akasema, na sauti yake ilikuwa imebadilika. "Ni ya mutoto mwenye alikufa. Walimutoa navyo ndani ya kaburi."

Kule kwetu, aliniambia, kitu alichozikwa nacho mtoto hakiguswi. Anayekichukua amemwamsha mama wa mtoto, na mama huyo hatalala tena, awe hai au awe amekufa, mpaka yeye au mtu wa damu yake akifuate popote kilipo. Ukikikuta njiani, hupiti hivi hivi. Unatoa salamu, unamwaga maji kidogo, unasema mimi si mwizi. Na hucheki mbele yake.

Wenzangu walikuwa wakicheka. Mmoja alikuwa amebandika ulimi kwenye kioo. Koko akageuka akawakaripia kwa sauti iliyojaa ukumbi:

"Munyamaze! Hapa ni matanga!"

Akafungua chupa, akamwaga maji mbele ya kabati, akaanza kuzungumza na vile viatu kwa lugha ya kwao. Mlinzi alikuja mbio, akamkamata mkono, yeye mwanamke wa umri wa mama yake. Mwalimu akanijia, amekuwa mwekundu usoni.

"Anasema nini?"

Darasa zima lilikuwa linanitazama, na mimi nina manyoya ya karatasi kichwani. Nilijua kabisa alichosema Koko. Nikajibu kwa Kifaransa changu kizuri, nikamwombea na msamaha:

"Anasema maji yamemponyoka. Anasema pardon."

Mlinzi akaleta kitambaa, akamwonyesha sakafu kwa kidole. Mwalimu hakusema asipanguse. Hakuna mtu mzima hata mmoja aliyesema. Koko alinitazama kidogo, akapiga magoti, akapangusa.

Tulirudi kwa tramu. Kwenye kituo cha tatu Koko akanigeukia.

"Ile neno pardon, naijua. Pardon ya nani ulisema?"

Nililia. Hakunigombeza. Alinifuta uso kwa pembe ya kitenge, akasema tu, "Mama ya ule mutoto atakuya. Utamuona." Mwalimu aliandika barua nyumbani kwamba tabia za ushirikina hazikubaliki katika safari za shule.

Koko alikufa nilipokuwa chuoni. Nikawa mkalimani, ndiyo, kazi hiyo hiyo, na sasa naishi mtaa wa Koekelberg. Miaka miwili iliyopita nilisikia redioni kwamba wageni wamefika kutoka nyika za Amerika kudai vitu vyao, na kwamba kutakuwa na mazungumzo ya wazi katika makumbusho ile ile. Nilikwenda.

Aliyezungumza alikuwa mwanamke wa makamo, mwalimu wa shule ya msingi, amevaa koti jekundu. Alisema si kila kiatu chenye shanga chini ni cha maiti, vingine walishonewa watoto waliopendwa sana. Lakini hivi, nyanya wa bibi yake alivishona kwa ajili ya binti aliyekufa kwa ndui, akamvika, akamzika kwenye kilima. Msafiri mmoja alifukua. Leo nchi ile yote imelimwa, ni ngano hadi upeo wa macho, na kilima hicho tu ndicho kimebaki na majani ya zamani, kwa sababu ukoo wao hukaa zamu kukilinda na majembe ya matrekta. Alikuwa ameandika barua miaka kumi na moja. Kila mara alijibiwa kwamba faili linashughulikiwa.

Ndipo mkubwa mmoja wa makumbusho akashika kipaza sauti. Alisema kwa upole sana kwamba viatu vimetunzwa vizuri muda wote huo, na kwamba hapa Brussels hakuna aliyewahi kulalamika.

Nilisimama bila kunyoosha mkono.

"Yuko aliyelalamika," nikasema. "Alikuwa bibi yangu, Mkongo, hajui kusoma. Alivitazama dakika moja akajua vimetoka kaburini. Aliwaambia wazi, pale pale. Mlimpa kitambaa apanguse sakafu."

Nikaeleza mpaka kosa langu, mbele ya watu wote. Yule mwanamke hakupiga makofi. Alikuja baadaye, akaniuliza jina la Koko, akaliandika kwenye karatasi, akaniomba nimtamkie mara mbili asije akalikosea.

Viatu viliondoka baada ya miezi minane. Tangazo la makumbusho lilisifu ukarimu wa waliovirudisha. Ukarimu! Mtu amekalia kitanda cha maiti miaka mia, akiinuka anataka ashukuriwe.

Watu huniuliza kama naamini yale ya Koko. Najua tu kwamba mama wa mtoto yule alikuja, kupitia mtu wa damu yake. Alikuja kwa ndege, na bahasha ya barua zisizojibiwa, kwa sababu watu wake walikataa kusahau kizazi baada ya kizazi. Walioita hayo ushirikina walikuwa na shahada na taa nzuri ndani ya makabati, na hawakuona kilichokuwa wazi kwa Koko, mwanamke aliyezika watoto wake wawili.

Uongo wangu sikuurekebisha Koko akiwa hai. Niliurekebisha kwa wageni, nimechelewa miaka ishirini na minane. Sijapata amani kwa hilo, ila haya imepungua kidogo, na hasira nimeamua kubaki nayo.