Mtoto wa Mwazye Mezani Roma

Siku yangu ya kwanza kazini, kule Roma, nilipewa glavu nyeupe. Nikajua basi, nimeletwa kutumikia misa. Kumbe ni za kushikia filamu, maana jasho la kidole linaacha alama, na kwenye kitambaa cha sinema alama hiyo inakuwa kubwa kama Ziwa Rukwa.

Shule mimi niliipita tu njiani nikienda shamba. Wataliano walikuja kijijini kwetu Mwazye, huko Rukwa, kupiga picha ya sinema ya kilimo chetu, nikawabebea miguu ya kamera mwaka mzima. Walipoondoka wakanichukua niwaeleze kipi ni kipi. Bosi wangu alikuwa Fundi Mkuu wa kukata, mzee ambaye tumbo lake lilifika kazini nusu saa kabla yake. Filamu tuliikata vipande, tukavitundika kwenye misumari, halafu tukaviunga kwa utepe wa gundi. Ukikosea mpangilio, mtu anakula kabla hajapika.

Fundi Mkuu alianza na mama mmoja wa Mwazye anayevunja ntumba, yale matuta yetu ya duara, vumbi linameta. Mwisho akamweka mama yule yule anazijenga. Nikamweleza kwa Kitaliano changu cha kuokoteza: ntumba zinajengwa mvua zikielekea mwisho, majani yanaoza humo ndani, juu unapanda maharage. Msimu unaofuata ndipo unavunja, upande ulezi.

"Mfipa, hapa hatulimi," akasema. "Jioni Mwongozaji anakuja kuiona. Ukigusa kipande kimoja, unarudi kwenu."

Ningenyamaza. Lakini wakati wa kujenga yule mama alikuwa mjamzito, na wakati wa kuvunja ana mtoto mgongoni. Kwa mpangilio wa Fundi Mkuu mtoto yupo, halafu hayupo, halafu tumbo tena. Mwazye wakiona hivyo hawaulizi, wanajua amezikwa. Na mtoto mwenyewe nilimwacha mzima, ananyonya kama ndama.

Mchana Wataliano wakishiba wanalala. Fundi Mkuu alikoroma mpaka mkasi ukatembea wenyewe mezani. Nikavaa glavu, nikafumua, nikaunga upya.

Alipoamka akaiangalia yote.

"Nani kakuruhusu?"

"Hakuna, bosi. Ila yule mtoto yuko hai, na wewe ulishamzika."

Akairudisha mwanzo. Tumbo, maharage, mgongo. Akatoka, mimi nikaanza kukusanya vitu vyangu. Akarudi amebeba kiti, akakiweka kando ya chake.

Nilikikalia mpaka kikachukua umbo langu. Nimekata picha za mapenzi, za vita, za majambazi. Mabaki niliyotupa ukiyaunga yanafika Zambia na kurudi. Mwongozaji mmoja alinikaripia, mwingine akanibusu, yote kwa sababu ya kipande kile kile.

Ile picha yetu ya ntumba ilikuja kuonyeshwa Mwazye mchana, ukumbi wa parokia, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Yule mtoto, kashaanza kuota meno ya pili, akamuuliza mama yake, "Mimi niko wapi?" Mama akamwonyesha tumbo pale kwenye kitambaa. Baadaye akajiona mgongoni, akasimama juu ya benchi watu wamwone vizuri.

Sasa nimestaafu, niko Sumbawanga, macho yamechoka. Vijana wanakata picha za harusi kwa kidole gumba kwenye simu, wanakuja tuangalie pamoja. Wananipa shikamoo, wanataka kuanza hapo hapo. Mimi nawauliza kwanza hawa watu kwenye picha ni kina nani, na kama wote wapo.